Bibi harusi au milimau: uanze na ipi ya Eran Riklis?

Kama hujawahi kumwangalia Eran Riklis, yule dairekta wa Israeli anayependa stori za watu wa kawaida waliobanwa na mipaka, basi utakutana na muvi mbili, The Syrian Bride ya 2004 na Lemon Tree ya 2008, na zote yumo mwigizaji Hiam Abbass.

Ya kwanza ni harusi ya Mona, binti wa Kidruzi (jamii ndogo ya Waarabu yenye dini yake) kutoka Golan, eneo la Siria ambalo Israeli ililiteka 1967, anaolewa na jamaa wa Siria ambaye hata hawajaonana, na akishavuka harudi tena kwao. Sasa kituko kipo mpakani, afisa wa Israeli anagonga muhuri wa kutoka nchini, Wasiria wanaukataa maana kwao Golan ni Siria, sasa huyu ametoka nchi gani? Mama wa Msalaba Mwekundu anabaki kupiga miguu huku na huku, bibi harusi na shela lake anangoja juani. Unacheka halafu unajisikia vibaya.

Lemon Tree imetulia zaidi. Mjane wa Kipalestina ana shamba la milimau, waziri wa ulinzi wa Israeli anahamia jirani, eti miti ni hatari kwa usalama ikatwe, mama anaenda hadi Mahakama ya Juu ya Israeli. Halafu waziri ana pati nyumbani kwake malimau hayapo, wanaenda kuchuma kwa mama huyohuyo!

Mimi ningeanza na harusi, ina watu wengi na kelele za familia. Ila Hiam Abbass kwenye milimau, aisee, yule mama haongei sana lakini macho tu yanatosha.