Kenya Law: soma hukumu za ardhi kabla hujatoa pesa ya ploti

Jamani kuna kitu kimeniokoa na sijalipa chochote ila bando tu. Kenya Law, ile tovuti inayowekwa hukumu za mahakama zetu mpaka za Mahakama ya Juu. Mimi nilikuwa najua ni mambo ya mawakili, kumbe mtu yeyote anaingia, unaandika unachotafuta, hukumu inafunguka yote.

Ilianza hivi. Mimi na dadangu tulikuwa tushachanga pesa za ploti huku Pwani, karibu na bahari kabisa, muuzaji ana taito, yaani hati ya ardhi, tukafanya sachi kwenye rejista ya ardhi ikatoka safi, jina lake, haina mkopo wala zuio. Tukajua basi tumefika. Siku ya kuonyeshwa mawe ya mpaka tukamkuta mzee ameketi chini ya mvinje anashona nyavu, akatuuliza, wanangu, ni nyinyi mnaotaka kutufungia njia ya kushukia pwani? Hakuuliza kwa ubaya. Lakini dadangu kwa matatu mpaka tunafika nyumbani hakusema neno.

Usiku ule nikaingia Kenya Law nikatafuta kesi za ardhi ya umma na ufuo, nikaangukia ya kampuni ya Dina Management na Kaunti ya Mombasa, [2023] KESC 30 (hiyo ndiyo nambari ya hukumu, KESC ni Mahakama ya Juu), ya 21 Aprili 2023. Nimeisoma mpaka saa nane usiku! Ploti iko Nyali, ilisajiliwa kwanza 1989 kwa jina la rais wa wakati huo, Moi, ikaenda kwa kampuni moja, kisha Dina wakanunua. 2017 kaunti ikaja ikabomoa ukuta wa upande wa bahari ili wafungue njia ya kwenda ufuoni. Dina wana taito na pesa walitoa, mimi nikasoma nikijua watashinda. Lakini majaji hawakusimama kwenye taito, walirudi nyuma hadi siku ardhi inagawiwa mara ya kwanza, wakakuta ni eneo la wazi la umma na utaratibu wa kuligawa haukufuatwa. Sasa kama yule wa kwanza hakupata kitu, wa pili na wa tatu wameuziwa nini? Ile ya kusema nilinunua kwa nia njema sikujua haikuwasaidia. Na Katiba yenyewe kifungu cha 40(6) inasema haki ya mali hailindi kilichopatikana kinyume cha sheria.

Uzuri wa hizi hukumu zinataja kesi nyingine, kwa hiyo unaruka kutoka moja hadi nyingine. Nikafika ya Munyu Maina ya 2013, Mahakama ya Rufani wanasema chanzo cha hati kikipingwa haitoshi kuning'iniza karatasi ya taito, lazima uonyeshe ilipatikanaje. Halafu ya Torino Enterprises, pia 2023, ardhi ya Embakasi, hapo Mahakama ya Juu inasema barua ya kugawiwa ardhi peke yake sio umiliki. Ni watu wangapi tunawajua wamenunua kwa barua tu!

Ndio nikaelewa sachi yetu ilituonyesha nani ameandikwa leo, haikutuambia aliandikwa vipi. Nikampigia muuzaji, kwa heshima kabisa, nikamuomba barua ya kugawiwa, risiti za malipo ya serikali, ramani ya mpango iliyopitishwa kabla ya kugawa, ile PDP, na nakala ya grin kadi, ile rekodi ya usajili wa ardhi, tuone ardhi imepita mikono gani. Akasema atatuma kesho. Kesho ikawa wiki, baadaye simu hashiki. Pesa zetu bado ziko sako.

Nawapa nyota 4. Ya tano naizuia kwa sababu hukumu karibu zote ni Kiingereza kizito cha sheria, na kuna kina mama na wazee wanaobomolewa nyumba ambao hawawezi kukisoma, mimi mwenyewe nimesoma aya nyingine mara tatu. Wakiweka hata muhtasari wa Kiswahili kwa kesi za ardhi watasaidia watu wengi sana.

Ukiingia mara ya kwanza anza na hiyo ya Dina. Aya zina nambari, kwa hiyo ukikwama andika nambari umpelekee mtu anayejua sheria akueleze hapo tu, mimi nilifanya hivyo na shemeji yangu, tukaimaliza jioni moja.