Kutuma hati muhimu kwa posta: ipi inakupa uthibitisho wa kupokelewa?

Karani wa dirishani huuliza, "Ya kawaida au rejista?", na wengi wetu hujibu kwa kutazama bei. Kwa cheti cha kuzaliwa, hati ya kiwanja, mkataba uliotiwa saini au notisi ya kisheria, swali la maana zaidi ni hili: siku mpokeaji atakapodai kwamba hakupata kitu, utamwonyesha nini? Huduma zilizo hapa chini nimezipanga kwa kipimo hicho kimoja, na ndiyo maana iliyo ya haraka kuliko zote haikushika nafasi ya kwanza.

Nafasi hiyo naipa barua ya rejista yenye kadi ya mapokezi. Nguvu ya rejista imo katika makabidhiano, kwa kuwa barua huandikwa kila inapotoka kwenye mikono ya mmoja kuingia kwa mwingine, hivyo ikipotea inajulikana ilikomea wapi. Kadi ya mapokezi, ambayo kwa barua za kwenda nchi nyingine ni fomu CN 07 ya Umoja wa Posta Duniani, huambatanishwa na bahasha. Mpokeaji huitia saini, posta ya kwao huigonga muhuri wa tarehe, nayo hurudi kwako. Watu hulipia rejista wakaisahau kadi, kisha hubaki na risiti inayosema tu kwamba walituma. Kadi huombwa siku ile ile ya kutuma, na kwa kuwa si kila nchi huitoa, uliza kabla ya kulipa. Palipo na huduma ya kukabidhiwa mhusika mwenyewe, iongeze pia, la sivyo saini inaweza kuwa ya mlinzi wa getini.

Itazame vizuri namba ya rejista ya kimataifa iliyo kwenye risiti. Ina herufi na tarakimu 13 kwa jumla: herufi mbili za huduma (R ikitangulia ni rejista, E ni EMS, yaani huduma ya haraka ya posta, V ni barua ya bima), tarakimu tisa, kisha herufi mbili za nchi ilikotoka. Tarakimu ya tisa ni ya kuhakiki. Chukua RR123456785, tukiziacha herufi za nchi: zidisha tarakimu nane za kwanza kwa 8, 6, 4, 2, 3, 5, 9 na 7 kwa mfuatano huo, ujumlishe upate 204, ugawanye kwa 11, ibaki 6, 11 ukitoa 6 ni 5, na ndiyo tarakimu ya mwisho. Basi mtandao ukikataa namba uliyoinakili kwa mkono, kagua kwanza mwandiko wako kabla ya kuilaumu posta.

Nafasi ya pili ni EMS na kampuni binafsi za usafirishaji. Kampuni hizi hazikuanzia kwenye mizigo mikubwa: DHL ilianza mwaka 1969 kwa kusafirisha nyaraka za meli kwa ndege, kutoka San Francisco hadi Honolulu, ili taratibu za forodha zianze kabla meli haijatia nanga. Kwa kasi, na kwa kumpigia mpokeaji simu, ni vigumu kuzishinda. Ila mara nyingi hukabidhi kwa yeyote aliyepo kwenye anwani, kwa kawaida hazipeleki kwenye sanduku la posta, na kumbukumbu ya saini haikai mtandaoni milele, kwa hiyo ipakue siku hati inapofika. Soma pia kifungu cha notisi katika mkataba wako. Kikitaja rejista kwa jina, risiti ya kampuni binafsi itazua ubishi ambao ungeweza kuuepuka.

Barua ya bima naiweka ya tatu, na inafaa zaidi kwa karatasi zenye thamani ya fedha ndani yake. Cheti cha shule kikipotea, fidia haikirudishi, na hasara ya nafasi ya kazi uliyoikosa kwa kawaida haimo katika bima.

Ya nne ni barua inayofuatiliwa bila saini. Niliwahi kupewa, kama ushahidi wa kupokelewa, picha ya mlango wa bluu uliofungwa na bahasha sakafuni. Mwenye mlango hakuwa niliyemwandikia.

Mwisho kabisa ni risiti ya kutuma pekee. Tusiidharau sana, kwani kuna taratibu zinazohesabu tarehe ya kutuma na si ya kupokea, na hapo inatosha.

Uchague ipi, jambo moja linabaki: saini inathibitisha kwamba bahasha ilifika, wala haisemi kilichokuwa ndani. Mpokeaji mkaidi anaweza kudai kwamba alikuta karatasi tupu. Weka barua ya utangulizi inayoorodhesha hati na idadi ya kurasa, andika juu yake namba ya rejista, piga picha kila ukurasa, na pale kadi inapoacha nafasi, andika kumbukumbu namba ya barua hiyo. Bahasha ifungwe kwa gundi au utepe wa karatasi. Posta nyingine hukataa selotepu kwenye rejista, kwa sababu wino wa muhuri haushiki kwenye plastiki na mtu anaweza kuibandua bila kuacha alama.

Kadi isiporudi, usikae ukingoja. Kwa barua za kimataifa, madai ya kuulizia hupokelewa ndani ya miezi sita kuanzia siku inayofuata ile ya kutuma, na karani atakachotaka kwanza ni ile risiti ya dirishani, kwa hiyo ipige picha kabla wino wake haujafifia.