Nyumba ya milioni 100 niliyoinunua kwa milioni 250: uzoefu wangu na mkopo wa nyumba

Machi 2022 nilikwenda benki kuuliza salio la mkopo wangu wa nyumba. Nilikuwa nimetimiza miaka mitano ya kukatwa kwenye mshahara bila kuruka hata mwezi mmoja, na hesabu yangu ya kichwani ilikuwa nyepesi. Nilikopa shilingi milioni 80 kwa miaka 15, theluthi ya muda imepita, basi na theluthi ya deni imekwenda. Nilitarajia kuambiwa milioni 53 na kitu. Dada wa kaunta akabonyeza bonyeza, akachapa karatasi, akanisogezea. Salio: 70,841,000.

Nikamwambia, "Dada, hapa mmekosea."

Akanijibu kwa upole, "Hapana kaka, ndiyo salio lako."

Nilikuwa nimeshalipa karibu milioni 74. Deni lenyewe lilikuwa limepungua milioni 9 na kidogo, na milioni 64 na ushee zilikuwa zimekwenda kwenye riba. Nilikaa ndani ya gari nje ya benki zaidi ya nusu saa, nikashindwa kumpigia mke wangu. Ningeanza kumwambia nini?

Naandika haya kwa sababu sikuibiwa. Nilirudi kuhakiki kila shilingi, na hesabu ya benki ilikuwa sahihi kwa mujibu wa mkataba niliousaini mwenyewe. Kinachoniuma mpaka leo ni kwamba siku ya kusaini hakuna aliyenionyesha hesabu hiyo, na mimi sikujua kuwa kuna kitu cha kuomba.

Turudi mwaka 2017. Mimi ni fundi wa maabara katika hospitali binafsi Dar es Salaam, mke wangu ni mwalimu wa sekondari. Tulikuwa tumepanga Tabata kwa 350,000 kwa mwezi, na mwenye nyumba anataka kodi ya miezi sita kwa mkupuo. Kila Januari na kila Julai ilikuwa homa. Daraja la Kigamboni lilikuwa limefunguliwa mwaka uliotangulia, watu wakaanza kuvuka kwenda kutafuta makazi, nasi tukapata nyumba ya vyumba vitatu Kibada kwa milioni 100. Kibada ni kati ya maeneo yaliyopimwa kwenye mradi wa viwanja 20,000 mwanzoni mwa miaka ya 2000, kwa hiyo hati ilikuwepo. Hilo lilitusaidia sana. Nyumba isiyo na hati, hata iwe nzuri vipi, benki haiigusi kwa mkopo wa aina hii.

Tulikuwa na akiba ya milioni 20. Benki ikakubali kutoa 80 zilizobaki, riba asilimia 17 kwa mwaka, miaka 15. Afisa mikopo aliniuliza jambo moja tu kuhusu pesa: "Kaka, milioni moja na laki mbili na thelathini kwa mwezi utaiweza?" Tukapiga mahesabu ya mishahara miwili, ada za watoto na nauli, tukaona tutabana lakini tutaweza, tena tutabakiwa na ile theluthi ya mshahara inayotakiwa. Nikasema ndiyo. Swali lenyewe lilikuwa la kweli, ila lilikuwa nusu tu ya swali.

Kabla ya pesa kutoka, kulikuwa na gharama ambazo kwenye kipeperushi zilikuwa na mstari mmoja: "gharama nyingine zitahusika." Ada ya kuandaa mkopo 1,200,000. Mthamini 650,000. Wakili pamoja na usajili wa rehani 900,000. Bima ya maisha ya mkopaji, iliyolipwa yote mwanzoni, 2,800,000. Bima ya nyumba 180,000, na hiyo inarudi kila mwaka mpaka mkopo uishe. Jumla 5,730,000, wakati akiba yetu yote tumeshaiweka kwenye malipo ya awali. Tuliazima kwa kaka yangu na kwa kikoba cha mke wangu. Ukiwa unajipanga, weka fungu hili pembeni tangu mwanzo, usije ukalitafuta wiki ya mwisho kama sisi.

Mke wangu naye aliitwa kusaini ridhaa, kwa kuwa sheria hairuhusu nyumba ya familia iwekwe rehani bila mwenzi kukubali. Aliuliza, "Jumla yake yote mwisho wa siku itakuwa ngapi?" Afisa akasema inategemea, kwa kuwa riba inaweza kubadilika. Tukasaini. Lile swali ndilo lililokuwa la maana kuliko yote yaliyoulizwa mezani pale, na mimi mumewe nililiacha lipite.

Jibu nilikuja kulipata kwa Da' Rehema, mhasibu wa pale kazini. Siku mbili baada ya kile kikaratasi cha salio nilimpelekea mkataba. Aliusoma, akafungua kompyuta, akajaza mistari 180 kwenye Ekseli, mmoja kwa kila mwezi. Akaniambia, "Baba Neema, hii inaitwa ratiba ya marejesho. Ulitakiwa uione kabla ya nyumba yenyewe."

Mwezi wa kwanza: nalipa 1,231,200. Riba inachukua 1,133,300. Deni linapungua kwa 97,900.

Riba ya mwezi hutozwa juu ya deni lililobaki. Mwanzoni deni ni kubwa, kwa hiyo riba inameza karibu rejesho zima na kinachobaki kupunguza deni ni makombo. Deni likipungua polepole, na riba inapungua polepole, mpaka miaka ya mwishoni ndipo mambo yanageuka. Mwaka wangu wa kwanza mzima nililipa milioni 14.77 na deni likashuka kwa milioni 1.27. Da' Rehema akateremka kwenye mistari yake mpaka mahali ambapo deni lingefika nusu, yaani milioni 40. Ilikuwa mwezi wa 137. Miaka kumi na moja na miezi mitano kumaliza nusu ya kwanza, na nusu ya pili yote kwa miezi 43 iliyosalia!

Chini kabisa ya jedwali ilikuwepo jumla: 221,600,000. Ongeza milioni 20 zetu za awali, gharama za kuanzia, na bima ya nyumba ya kila mwaka, nyumba ya milioni 100 inafika milioni 250. Hapo sijahesabu kodi ya ardhi, kodi ya jengo inayokatwa kwenye LUKU, wala tozo ya daraja ninayolipa kila ninapokwenda kazini na kurudi.

Lililonifungua macho zaidi ni muda. Da' Rehema alibadilisha namba moja tu, ya miaka, mengine akayaacha yalivyo. Milioni 80 hizo hizo kwa asilimia 17, ukilipa kwa miaka 10, rejesho ni 1,390,400 na jumla ni milioni 166.8. Kwa miaka 20, rejesho ni 1,173,400 na jumla ni milioni 281.6. Hebu tazama hapo. Kutoka miaka 15 kwenda 20, nafuu ya mwezi haifiki hata 58,000, na kwa nafuu hiyo unalipa milioni 60 zaidi. Kutoka 15 kushuka 10 unajibana 159,000 kwa mwezi na unaokoa karibu milioni 55. Nakumbuka mwaka 2017 nilimuuliza afisa kama naweza kupewa miaka 20 ili nipumue. Namshukuru Mungu umri wangu wa kustaafu ulikataa.

Kwa nini riba ni kubwa hivi? Nilijiuliza kwa hasira, lakini jibu si la hasira. Mwaka ule nilipokopa, serikali yenyewe ilikuwa inalipa asilimia 15.49 kwa mwaka kwenye hatifungani yake ya miaka 20. Benki inayoweza kuikopesha serikali kwa kiwango hicho bila wasiwasi haitanikopesha mimi kwa chini yake. Halafu amana nyingi za benki ni za muda mfupi. Mtu anaweka leo, anatoa mwezi ujao, na mkopo wa nyumba unataka pesa ya miaka 15. Ndiyo maana kulianzishwa kampuni ya TMRC mwaka 2010, kuzipatia benki fedha za muda mrefu kwa ajili ya mikopo ya nyumba. Imesaidia muda wa mikopo kuwa mrefu. Kwa mshahara wangu mimi, bei bado ni nzito.

Kaka yangu, yule aliyetuazima, alichagua njia ambayo Watanzania wengi wanaifuata. Alinunua kiwanja Chanika, akafyatua tofali, akasimamisha boma, akapaua baada ya miaka miwili, akahamia madirisha yakiwa na mabati. Miaka saba. Hakulipa riba hata senti. Lakini alilipa kodi ya kupanga miaka yote hiyo, akaibiwa nondo mara mbili, na saruji aliinunua kwa bei inayopanda kila akirudi dukani. Wanangu walikulia kwenye nyumba iliyokamilika, wanawe walikulia kwenye vumbi la ujenzi. Tumeshabishana mara nyingi nani alifanya vizuri na sidhani kama tutakubaliana. Ninachojua ni kwamba yeye alijua gharama yake kila hatua, mimi niliijua baada ya miaka mitano.

Sasa nieleze nilichofanya, kwa kuwa bado kuna la kufanya hata kama umeshasaini.

Nilikwenda benki nyingine kuuliza kuhamisha mkopo. Wakati huo riba zilikuwa zimeanza kulegea, wakaniandikia barua ya ofa: asilimia 14. Barua hiyo nikairudisha kwenye benki yangu. Iliwachukua wiki sita na safari nne, na kila safari nilikuta mtu mpya anayeniambia nianze upya, jambo ambalo nalilaumu waziwazi. Mwisho walikubali asilimia 14 kwa ada ya asilimia 1 ya salio, kama 708,000.

Rejesho jipya lingekuwa takriban 1,100,000. Hapo ndipo karibu nirudie kosa. Nilishaanza kuipangia matumizi ile 131,000 ya nafuu. Da' Rehema akaniambia, "Usiishushe. Umeshaizoea." Nikaomba kwa maandishi niendelee kulipa 1,231,200 ile ile, na ziada iingie kwenye deni la msingi. Maandishi ni muhimu, kwani pesa ya ziada usipoielekeza inaweza kukaa kama malipo ya mwezi unaofuata, isipunguze deni lolote. Kwa mpango huu miaka 10 iliyobaki inakuwa 8, na ninaokoa karibu milioni 29. Machi 2025 salio lilisoma milioni 52.9. Katika miaka mitatu deni lilikuwa limeshuka milioni 18, mara mbili ya lilivyoshuka miaka mitano ya mwanzo. Majaliwa, Machi 2030 nitakwenda kuchukua hati yangu.

Ukiniuliza kama huduma hii inafaa, nitaipa nyota tatu kati ya tano. Nyumba ninayo, watoto wanayo, na Januari haina homa tena. Nyota mbili nimezizuia kwa sababu mtu anayeuza bidhaa ya miaka 15 anao wajibu wa kumwonyesha mnunuzi bei yake kamili, kwenye karatasi, kabla ya kalamu. Programu inayotengeneza ratiba ya marejesho ipo kwenye kila kompyuta ya benki. Kuichapa ni dakika moja.

Mwezi uliopita shemeji yangu, mdogo wake mke wangu, alikuja na furaha. Amepata taasisi itakayomkopesha milioni 30 amalizie nyumba yake Kisemvule, miaka 10, riba asilimia 12. "Shemeji, nyie mlikopa kwa 17, mimi nimepata 12!" Nikaomba nione barua. Rejesho lilikuwa 550,000. Nikachukua simu nikapiga hesabu mbele yake. Asilimia 12 ya milioni 30 ni 3,600,000 kwa mwaka, mara miaka 10 ni milioni 36, na jumla ya kulipa milioni 66. Riba ilikuwa ya flati, inayotozwa juu ya milioni 30 zote kila mwaka hadi mwisho, hata pale ambapo deni limebaki milioni mbili. Kwa asilimia 17 ya salio linalopungua, rejesho lake lingekuwa kama 521,400. Yaani 12 yake ilikuwa ghali kuliko 17 yangu. Ukiigeuza iwe riba ya salio linalopungua, inakaribia asilimia 18.5.

Alinyamaza, akaikunja barua. Kesho yake aliwaandikia kuomba vitu viwili: riba ikokotolewe kwa salio linalopungua, na apewe ratiba nzima ya miezi 120 yenye safu ya riba, safu ya deni la msingi na safu ya salio. Wamemwambia asubiri. Hajasaini.