Anne of Green Gables ya 1985, kila nikiirudia nalia

Jamani hii tamthilia ya Kanada nimeirudia tena wikiendi hii na machozi yamenitoka vilevile. Ni sehemu mbili tu, masaa matatu na kitu, kitabu cha L. M. Montgomery kilitoka 1908 na mwongozaji Kevin Sullivan kakitendea haki kwelikweli.

Megan Follows ndo Anne, yatima wa nywele nyekundu mdomo haupumziki, kapelekwa kisiwa cha Prince Edward kwa kaka na dada watu wazima ambao wao walitaka mvulana wa kusaidia shamba. Sasa pale stesheni, Matthew, yule kaka, anafika anakuta binti kakaa anasubiri, anashindwa kabisa kumwambia kuna makosa, anampakia tu kwenye gari la farasi mpaka nyumbani, na njia nzima mtoto anaongea yeye kimya. Richard Farnsworth kama Matthew maneno machache lakini ule uso wake unamaliza kila kitu! Hata lile gauni la mikono ya kuvimba analolitamani Anne, mwanaume mwenye haya vile anaenda kulitafuta mwenyewe.

Colleen Dewhurst kama Marilla, yule dada, naye, mkali lakini unaona anavyolainika kidogokidogo.

Kifo cha Matthew wamekibadilisha, kwenye kitabu anaangukia mlangoni, humu ni shambani na Anne kamshika. Mimi naona humu imeuma zaidi. Ila sehemu ya pili kuna mahali wanakimbiza, shule na mitihani ningependa wangetulia kidogo. Wenye watoto wa miaka minane kwenda juu, kaeni nao muangalie.