Crash Landing on You au Queen of Tears?

Tamthilia hizi mbili za kituo cha televisheni cha tvN cha Korea Kusini, kila moja ikiwa na vipindi 16, ziliandikwa na Park Ji-eun. Ya kwanza, iliyomalizika Februari 2020, inampeperusha binti tajiri wa Seoul hadi Korea Kaskazini, na utamu wake hasa uko kwa akina mama wa kijijini, umeme unaokatika ghafla na nyama inayohifadhiwa kwa chumvi, uhalisia uliosifiwa hata na baadhi ya waliotoroka Kaskazini. Ya pili, ya 2024, inaanza na ndoa iliyopoa, jambo adimu, kisha inaelemewa na maradhi na kupotewa na kumbukumbu. Kipindi chake cha mwisho kilipata utazamaji wa asilimia 24.9, kikaipita rekodi ya mwenzake ya asilimia 21.7, hata hivyo, mimi naichagua ile ya kwanza.