Nimehamia FLAC: uzoefu wangu wa kununua muziki Bandcamp

Sisi wa enzi ya Napster, ile programu ya kubadilishana nyimbo mtandaoni, na internet kafe tulizoea shida. Wimbo wa dakika nne, MP3 ya kbps 128 (kilobiti 128 kwa kila sekunde), ni kama MB 4. Kwa modemu ya 56k ulisubiri dakika tisa na zaidi, na hapo laini haijakatika. Ukiupata, unakuta mwisho umekatwa, au jina la msanii si lake. Tukazichoma kwenye CD, zikarudi kwenye kompyuta, zikaishia kwenye memori kadi, na kila aliyezibana upya alizipunguzia ubora wa sauti kidogo.

Siku hizi nanunua Bandcamp, duka la muziki la mtandaoni. Ukishalipa unachagua mwenyewe aina ya faili: MP3 ya kbps 320, FLAC, WAV na nyinginezo, na simu ikiibiwa unaingia kwenye akaunti unapakua tena bure. Mimi huchukua FLAC. Toleo lake la kwanza rasmi lilitoka Julai 2001, mwezi uleule Napster ilipozimwa (wakati huo nani alikuwa na nafasi ya kuweka faili kubwa hivyo?). Inabana faili bila kutupa chochote cha sauti ya CD, tofauti na MP3.

Taarab ndiyo iliyonimaliza. Kwenye MP3 zangu za zamani ganuni ilikuwa mkwaruzo mtupu kila fidla zikiingia. Kwenye FLAC nasikia uzi unavyoguswa, kisha unavyofifia taratibu chini ya hizo fidla. Ila kati ya FLAC na MP3 ya 320 sijidai, mara nyingi sitofautishi, na kwa spika ya Bluetooth ndiyo kabisa, kwa sababu Bluetooth nayo hubana sauti. Nachukua FLAC kwa kuwa kutoka humo natengeneza MP3 yoyote ninayotaka; ukianzia MP3, kilichotupwa hakirudi.

Kuna wauzaji wa ovyo lakini. Albamu moja niliifungua kwenye Spek, programu inayoonyesha sauti kama picha, nikakuta kila kitu juu ya kHz 16 (sauti nyembamba za juu kabisa) kimekatwa kama kwa wembe: MP3 ya zamani iliyovalishwa koti la FLAC. Nilimwandikia muuzaji, hakujibu.

Malipo ni kadi au PayPal, kwa hiyo nalipa kwa kadi ya Visa ya mtandaoni. Albamu ya dakika 45 hufika MB 300 hivi, kwa hiyo tafuta wifi, usimalize bando. Na wenye iPhone chukueni ALAC, aina ya Apple isiyotupa kitu kama FLAC, maana programu ya muziki ya Apple haipokei FLAC.