Greatest Hit ya Dream Theater: niliifuata kwa wimbo mmoja, nikakamatwa na sidii ya pili

Dream Theater, bendi ya Marekani ya metali (roki nzito), walipata kibao kimoja tu kilichovuma sana kwenye redio za kwao, "Pull Me Under" cha 1992, na hawakuwahi kulificha hilo. Mkusanyiko wao wa 2008 wameuita Greatest Hit, kwa umoja, kisha kwenye mabano wakaahidi nyimbo nyingine 21. Nami niliununua kwa ajili ya kibao hicho. Sasa ni miezi minne, na ninayoirudia kila usiku nikishatoka kazini ni sidii ya pili.

Sidii ya kwanza wameiita upande wa giza: magitaa mazito, dramu zinazokimbia. Ya pili ni upande wa nuru, nyimbo za taratibu. Zote zinatoka kipindi cha kuanzia albamu ya Images and Words ya 1992 hadi Octavarium ya 2005. Albamu yao ya 1989, iliyoimbwa na Charlie Dominici, haikuguswa, kwa hiyo sauti ni ya James LaBrie mwanzo hadi mwisho.

Kilichonifurahisha zaidi ni nyimbo tatu za 1992 zilizochanganywa upya na prodyuza Kevin Shirley. Katika rekodi za awali, sneya (ile dramu yenye mlio mkali) ya mpiga dramu Mike Portnoy ilikuwa ikilia vilevile kila pigo, kama imenakiliwa. Hapa unasikia mkono wa mtu: pigo hili zito, lile jepesi. "Pull Me Under" bado unakatika ghafla mwishoni, kama umeme umekatika. Usidhani sidii yako ina mikwaruzo, ndivyo ulivyo tangu zamani.

"Another Day" ndio ulionishika. Mpiga gitaa John Petrucci aliuandika akimfikiria baba yake aliyekuwa anaugua saratani, na saksafoni ya Jay Beckenstein inaingia taratibu, bila kumfunika mwimbaji. Nami nimemuuguza mzee wangu. Kuna usiku nimeusikiliza mara tatu mfululizo nikiwa nimezima taa. Ukimalizika huo unakuja "To Live Forever", ambao haumo katika albamu zao za kawaida, halafu "Lifting Shadows Off a Dream", na besi ya John Myung inatembea yenyewe mwanzoni kabla wenzake hawajaingia. Kwa sidii hii peke yake sijutii pesa yangu.

Lililoniudhi ni kukatakata. "Lie", "Misunderstood" na "Solitary Shell" zimewekwa kwa matoleo mafupi ya singo. Aliyekulia kwenye rumba atanielewa: ni sawa na kupigiwa wimbo, ukafika karibu na sebene, mtu akauzima. "Solitary Shell" wenyewe ni kipande cha utungo wa dakika 42, sasa kipande nacho kimepunguzwa! Bendi hii ilianzishwa na vijana waliokutana chuo cha muziki cha Berklee, Boston, mwaka 1985, na urefu kwao ndio kazi yenyewe. Wimbo huanza mahali, ukazunguka, ukarudi ukiwa umebadilika. Ukiupunguza unabaki na korasi tu. Tena "Metropolis" wa 1992 haumo kabisa, na kwangu huo ndio wimbo unaoeleza bendi hii ni nini. Hapo sikuwaelewa.

Nashukuru "Home" umeachwa mzima, karibu dakika 13, na "Sacrificed Sons", kuhusu mashambulizi ya Septemba 11, umepewa dakika zake zote kumi na ushee.

Kama metali inakutisha, anza na sidii ya pili, tena kwa hedifoni. Mimi nimeshaagiza Scenes from a Memory ya 1999, ile inayosimulia habari za Nicholas na mwanamke aliyeuawa zamani. "The Spirit Carries On" umenitoa machozi humu ukiwa peke yake. Nataka kuusikia mahali pake, baada ya nyimbo kumi zinazoutangulia.